Je, Vitu Vyote ni Kitu Kimoja?



Wapendwa wakatekumeni, ninyi mnaojitayarisha kwa ubatizo, katika sala ya Nasadiki mmejifunza kumwungama Mungu mmoja, Muumba wa mbingu na dunia. Leo tutapima neno jingine, linalofanana na hilo kwa sauti, lakini kwa maana liko mbali nalo kama ukingo huu wa Lualaba ulivyo mbali na ule. Wengine hawasemi kwamba Mungu ni mmoja, bali husema kwamba yote ni kimoja: Mungu na mtu, mti na jiwe, mto na samaki, mzima na marehemu, vyote ni kitu kimoja tu. Tofauti tunazoziona, wasema, ni ndoto ya macho. Mwenye hekima ni yule aliyeamka katika ndoto hiyo akatambua kwamba yeye mwenyewe ndiye Mungu.

Msicheke mkisikia hayo. Si maneno ya wapumbavu. Yamesemwa na watu wenye akili nyingi, na yana utamu wake. Kwa hiyo hatuna budi kuyasikiliza vizuri kwanza, tupate kuyajibu vizuri baadaye. Mtu anayejibu asichokisikia hujibu upepo.

1. Utamu wa mafundisho haya

Mnajua mahali mto Lukuga unapoingia katika Lualaba, upande wa kaskazini ya Kabalo. Lukuga umetoka katika ziwa Tanganyika, pale Kalemie, ukapita nchi yote ya Nyunzu. Lualaba umetoka mbali kusini, katika nchi ya Katanga. Chini ya makutano hayo mvuvi akichota maji kwa kata, nani awezaye kumwambia, haya ni ya Lukuga, na haya ni ya Lualaba? Hakuna. Basi mwalimu wa mafundisho haya atawaambia: Wewe ndiwe Lukuga, Mungu ndiye Lualaba. Leo wajiona u mto peke yako, wenye jina lako na kingo zako. Kesho utaingia katika mto mkubwa, jina lako litaisha, na hapo utakuwa na amani.

Maneno haya humvuta mtu aliyechoka. Aliyechoka na magomvi hufurahi kusikia kwamba hakuna wawili wa kugombana. Anayeogopa kufa hufurahi kusikia kwamba hakuna anayekufa. Aliye mpweke hufurahi kusikia kwamba hakuna wa kuwa peke yake. Njaa hizo tatu ni za kweli; Mungu mwenyewe amezitia katika moyo wa mwanadamu. Swali ni hili: je, chakula hiki kinashibisha, au kinajaza tumbo tu kama maji anywayo mwenye njaa?

2. Waliofundisha hivyo

Mafundisho haya ni ya zamani. Karne ya 5 kabla ya Kristu, katika mji wa Elea ulioko Italia ya kusini, Parmenides alifundisha kwamba kuwako ni kumoja tu, hakugawanyiki wala hakugeuki. Katika nchi ya India, Shankara alifundisha kwamba roho ya mtu na Roho kuu si mbili. Kati ya Waislamu, wafuasi wa Ibn Arabi, aliyekufa Dameski mwaka 1240, walisema juu ya umoja wa kuwako, na Waislamu wengi wenyewe wakabishana nao. Katika Uholanzi, Spinoza, aliyekufa mwaka 1677, aliandika kwamba kuna asili moja tu, ambayo mtu aweza kuiita Mungu au kuiita ulimwengu, kwani ni mamoja.

Labda mtauliza: na sisi Wabantu je? Hapa yafaa tujue habari ya nchi yetu wenyewe. Padri Placide Tempels, Mfransisko, alizaliwa Ubelgiji mwaka 1906, akafika Kongo mwaka 1933, akakaa miaka mingi kati ya Baluba wa Katanga. Mwanzoni alitaka kuwafundisha watu tu. Baadaye alianza kuwauliza wazee wanafikiri nini juu ya uzima, juu ya kifo na juu ya nguvu. Mwaka 1945 kitabu chake juu ya filosofia ya Kibantu kilitokea kwa Kifaransa katika mji wa Elisabethville, ambao leo ni Lubumbashi. Aliandika kwamba kwa Mbantu kuwako ni kuwa na nguvu, na kwamba nguvu moja huweza kuiongeza nguvu nyingine au kuipunguza. Hakuna mtu anayeishi kama jiwe lililotupwa peke yake porini.

Wasomaji wengine walifanya haraka. Wakasema: Tazama, Wabantu husadiki kwamba yote ni nguvu moja, iliyoenea mahali pote. Lakini Padri Tempels hakuandika hivyo. Alionyesha kwamba nguvu hizo zina daraja: Mungu juu ya yote, kisha wazee wa kale, kisha watu walio hai, kisha wanyama, mimea na mawe. Palipo na daraja hapana kimoja tu. Ngazi haiwezi kuwa na kidato kimoja.

Baada yake Padri Alexis Kagame wa Rwanda, aliyezaliwa mwaka 1912, alichapisha mwaka 1956 kitabu chake juu ya jambo hilo hilo, akapima lugha yenyewe. Sisi nasi twaweza kuipima. Semeni kwa Kiluba: muntu, kintu. Semeni kwa Kiswahili: mtu, kitu. Katika maneno hayo yote kuna mzizi mmoja. Je, mzizi huo watembea peke yake? Je, mmewahi kusikia mzee akisema ntu, akanyamaza? Hapana. Siku zote huvaa kichwa chake: mu ya mwenye akili, ki ya kitu kisicho na akili. Lugha ya babu zetu yakubali kwamba vyote vina undugu katika kuwako. Papo hapo yakataa kumchanganya mtu na kitu. Tena Padri Kagame alionyesha kwamba Mungu hawekwi katika hesabu hiyo hata kidogo, kwa maana Yeye ndiye aliyezitangulia ntu zote na kuzifanya ziwe. Wazee waliomtaja Leza hawakumtaja mti, wala mto, wala babu. Walimtaja Yule aliyewafanya babu.

Basi mtu akija kuwaambia kwamba dini ya kweli ya Mwafrika ni kusema yote ni kimoja, mwambieni kwa upole: Ndugu, rudi kwanza uisikilize lugha ya mama yako.

3. Eklezya yafundisha nini

Mama Eklezya afundisha kwamba Mungu aliumba vitu vyote kwa kuvitoa katika utovu wa vitu. Fikirini neno hilo. Mfinyanzi hufanya chungu kwa udongo, na udongo ulikuwako kabla yake. Buibui hufanya utando kwa kuutoa katika mwili wake, na utando ni sehemu ya buibui. Mungu hakuumba kama mfinyanzi, kwa maana hapakuwa na udongo. Hakuumba kama buibui, kwa maana sisi si vipande vya Mungu. Alitaka tuwe, nasi tukawa. Hatukumtoka kama tone litokavyo mtungini. Tumeitwa kutoka pasipo kitu.

Kwa sababu hiyo Mtaguso Mkuu wa kwanza wa Vatikano, mwaka 1870, ulikataza waziwazi kufundisha kwamba asili ya Mungu na asili ya vitu vyote ni moja. Mtakatifu Augustino, Mwafrika mwenzetu, aliyezaliwa Tagaste mwaka 354 akawa askofu wa Hippo, alieleza jinsi alivyoviuliza viumbe, nchi na bahari na anga, kama ndivyo Mungu wake. Vyote vikamjibu kwamba sivyo, bali Mungu ndiye aliyevifanya. Na sisi, tukiuuliza Lualaba, utatujibu vivyo hivyo. Ni mkubwa, watulisha samaki, wabeba mitumbwi yetu mpaka Kongolo. Lakini haujui jina la hata mtoto mmoja aliyezama ndani yake. Mungu ayajua majina yao wote.

4. Mti hujulikana kwa matunda

Bwana wetu alitufundisha kuujua mti kwa matunda yake. Tutazame matunda matatu ya mafundisho haya.

Tunda la kwanza ni juu ya sala. Kama mimi ndimi Mungu, nikipiga magoti nasali kwa nani? Nitakuwa kama mtu aliyesimama penye mwangwi, anayepiga kelele, kisha afurahi kwamba amejibiwa. Mama aliye na mtoto mgonjwa usiku hataki mwangwi. Ataka Baba anayesikia, aliye mkuu kuliko ugonjwa, na anayeweza kumjibu neno ambalo yeye mwenyewe hakulisema.

Tunda la pili ni juu ya dhambi. Mwizi akitoa samaki katika wavu wa mwenzake usiku, mafundisho haya yatasema nini? Aliyeiba na aliyeibiwa ni mmoja, basi samaki amehama kutoka mkono wa kuume kwenda mkono wa kushoto. Mwizi atafurahi sana kusikia hivyo. Mwenye wavu, ambaye watoto wake wamelala bila kitoweo, hatafurahi.

Tena hilo ni jambo dogo. Tuangalie kubwa. Tarehe 1 Januari 1962, pale Kongolo, wamisionari 20 wa Shirika la Roho Mtakatifu waliuawa na askari. Je, tuwaambie mama zao kwamba aliyeua na aliyeuawa walikuwa kitu kimoja, hivyo hapakuwa na mauaji? Mungu atuepushe na neno kama hilo. Kila mmoja wao alikuwa na jina, na kwao, na sauti yake alipoimba misa. Damu ya Abeli haikulia kwa Mungu kwa sababu ulimwengu umejikuna. Ililia kwa sababu mtu mmoja alimwua mtu mwingine, ndugu yake.

Tunda la tatu ni juu ya mapendo, nalo ni chungu kuliko yote. Mapendo yataka wawili. Aliye peke yake hawezi kutoa, kwa maana hakuna wa kupokea. Hawezi kusamehe, kwa maana hakuna aliyemkosea. Hawezi kukaribisha, kwa maana hakuna anayebisha hodi. Wale waliotaka kuondoa ugomvi kwa kumwondoa wa pili wameondoa pia mapendo. Wamezima moto uliounguza nyumba, wakazima na moto wa jikoni.

5. Baluba na Batwa

Jambo hili si la vitabu tu. Katika mkoa wetu wa Tanganyika, tangu mwaka 2013, na kwa ukali zaidi tangu mwaka 2016, Baluba na Batwa walipigana. Vijiji vilichomwa, watu walichomwa mishale na kukatwa mapanga, maelfu kwa maelfu walikimbia na kulala chini ya nyasi, hata hapa Kabalo, na Nyunzu, na Manono, na Kalemie. Kati yenu mnaosoma ukurasa huu wamo waliozika. Wamo pia wenye jamaa waliozikisha wengine.

Nisikilizeni vizuri. Kuna aina mbili za umoja wa uongo unaohubiriwa kwetu baada ya mambo kama hayo. Wa kwanza husema: Sisi sote ni kitu kimoja, tusahau tu. Anayesema hivyo upesi mara nyingi ni yule asiyechomewa nyumba. Kama aliyechoma na aliyechomewa ni mmoja, nani atamwomba nani msamaha? Wa pili husema: Tuwe kimoja, yaani wale wawe kama sisi. Kwa umoja huo Mtwa hukaribishwa kwenye baraza baada ya kuacha kuwa Mtwa, naye hukalishwa chini hata hivyo. Umoja wa kwanza wasema hakuna mwingine. Umoja wa pili wasema hakuna mwingine anayestahili kuwako. Ni ndugu wawili wa tumbo moja.

Umoja wa Kristu ni wa namna nyingine. Wawili wabaki wawili, wote wawili wenye majina, nao wasogeleane. Mmoja anasema: Nilikukosea. Mwingine anasema: Nimekusamehe. Katikati yao kuna nafasi, na nafasi hiyo ndiyo njia apitamo Roho Mtakatifu. Mkiiziba nafasi hiyo, Roho Mtakatifu hana pa kupita.

Mtu asiyekubali kula bukari katika sahani moja na Mtwa, kisha akasema kwa kinywa kitamu kwamba vyote ni kitu kimoja, amesema maneno mepesi kuliko makapi. Naye aliyempelekea jirani yake wa zamani kikapu cha mihogo, akasimama mlangoni mwake bila kujua kama atafukuzwa, huyo hajasoma filosofia yoyote, lakini amekaribia ufalme wa Mungu.

6. Maswali na majibu

Swali: Je, Mungu hayuko mahali pote? Ikiwa yuko mahali pote, si yuko ndani ya kila kitu?
Jibu: Yuko mahali pote, nasi katika Yeye twaishi na kwenda na kuwako, kama Mtakatifu Paulo alivyowafundisha watu wa Atene. Lakini kuwa ndani ya kitu si kuwa kitu hicho. Mtazameni mhunzi. Aweka chuma motoni. Chuma chawa chekundu, chang'aa, chaunguza kama moto. Moto umeingia ndani ya chuma chote, hata hivyo chuma ni chuma na moto ni moto. Ndivyo neema itakavyokuwa ndani yenu siku ya ubatizo. Mtawaka kwa moto wa Mungu, lakini hamtaacha kuwa watu.

Swali: Lakini Bwana Yezu, usiku ule kabla ya mateso, hakuomba kwamba wote wawe mmoja?
Jibu: Aliomba hivyo, na mfano aliouweka ni huu: wawe mmoja kama Yeye na Baba walivyo mmoja. Sasa, je, Baba ndiye Mwana? Hapana. Mmejifunza kwamba katika Mungu mmoja kuna Nafsi tatu, Baba na Mwana na Roho Mtakatifu, na hata moja haimezwi na nyingine. Fikirini jambo hili kubwa: hata katika Mungu, ambaye ni mmoja kuliko vyote, kuna anayependa na anayependwa. Umoja mkuu kuliko wote haukumwondoa mwingine. Basi kwa nini umoja wetu mdogo umwondoe?

Swali: Na mume na mke je? Haikuandikwa kwamba watakuwa mwili mmoja?
Jibu: Ndiyo. Hapo tena yafaa tukumbuke kazi ya Padri Tempels. Baada ya kitabu chake, katika miaka ya 1950, alikusanya wafanyakazi wa migodi na wake zao upande wa Kolwezi, na kutoka kwao likazaliwa kundi lililoitwa Jamaa. Walizungumza juu ya njaa tatu za mtu: uzima, uzazi na mapendo. Waume wengi walijifunza kuwauliza wake zao neno na kulingoja jibu, jambo ambalo hawakulifanya tangu siku ya arusi. Padri Tempels alirudi Ubelgiji mwaka 1962, akafa mwaka 1977. Baadaye vikundi vingine vilipotoka, vikatengana na Eklezya. Lakini tushike lililo jema. Umoja wa mume na mke hukua wakati kila mmoja anapomsikia mwenzake kuwa ni mtu mwingine kweli. Mume anayesema, Mimi na mke wangu ni kitu kimoja, basi najua anachotaka bila kumwuliza, huyo amekwisha kummeza mke wake.

Swali: Na wafu wetu? Je, hawakuyeyuka katika Mungu?
Jibu: Tumfikirie mjane. Mumewe amekufa, amezikwa kando ya kijiji. Anauliza jambo moja tu: Nitamwona tena? Mafundisho ya kitu kimoja yamjibu: Hapana, tone limeingia mtoni, lakini usilie, kwa maana hata wewe si wewe. Eklezya yamjibu: Ndiyo. Mwili utafufuka, jina halikufutwa, Mungu si Mungu wa wafu bali wa walio hai, naye ni Mungu wa Ibrahimu, na wa Izaki, na wa Yakobo, akiwataja mmoja mmoja. Ninyi wenyewe mwamueni ni jibu gani linalomheshimu mjane huyo.

7. Siku ya ubatizo

Wapendwa, njaa zile tatu tulizozitaja hazikusahauliwa. Mchovu wa magomvi hupewa upatanisho. Anayeogopa kufa hupewa ufufuko. Mpweke hupewa Mwili wa Kristu, ambao ndani yake jicho si sikio, mkono si mguu, wala jicho haliwezi kuuambia mkono kwamba halina haja nao. Mwili wenye kiungo kimoja tu si mwili. Mtakatifu Paulo aliwaandikia Wakorinto hivyo, nao walikuwa wagomvi kama sisi.

Siku ile itakapofika, mtasimama mlangoni mwa kanisa, na jambo la kwanza mtakaloulizwa ni jina lenu. Padri hatawauliza ninyi ni sehemu ya nini. Atamwuliza kila mmoja jina lake, kisha atamwita kwa jina hilo na kummwagia maji kichwani. Maji yale yangaliweza kuchotwa Lualaba, ambao ndani yake Lukuga hupotea. Lakini katika maji ya ubatizo hakuna anayepotea. Mtu aingia humo akiwa na jina, na atoka akiwa mtoto, na mtoto si baba yake. Ndiyo sababu aweza kumwita Baba.

Shikeni haya moyoni:

Mungu ni mmoja. Vitu vyote si Mungu.
Viumbe vyote ni ndugu, kwa maana Muumba wao ni mmoja. Lakini ndugu si yule yule.
Mapendo yataka wawili, na msamaha wataka wawili.
Mbinguni hatutayeyuka; tutaonana.

Kazi ya juma hili: kila mkatekumeni amtafute mtu mmoja ambaye hajasema naye tangu siku za vita au tangu ugomvi wa nyumbani. Asimwambie kwamba wao ni kitu kimoja. Amwamkie kwa jina lake, amwulize habari za watoto wake, na angoje jibu. Siku ya Jumamosi tutaulizana katika kipindi cha katikisimu nani amefanya na nani ameshindwa, na walioshindwa tutawaombea bila kuwacheka.

Tusali. Ee Mungu Baba yetu, uliyetufanya wengi kwa sababu wapenda kutoa, utufundishe kumpokea kila mtu uliyemwumba, wala tusitamani kummeza wala kumfukuza. Uwapumzishe marehemu wetu, ambao wewe wawajua kwa majina. Uwafikishe wakatekumeni hawa kwenye maji ya uzima, uwaite, nao wakuitikie. Kwa Kristu Bwana wetu. Amina.